Kabla ya kuvusha PlayStation kuukuu, igeuze usome nyuma

Kompyuta iliyostaafu ofisini inaweza kuifanya kazi hiyo hiyo nyumbani, ila ina masharti yake

BIRYOGO, Kigali – Jioni, kwenye njia za Biryogo zilizofungwa kwa magari tangu 2021 na kupakwa rangi za kila namna, meza hutolewa nje, mishikaki huanza kunukia na chai humiminwa. Mtaa huu ulikuwa ukizungumza Kiswahili miaka mingi kabla Rwanda haijakifanya lugha rasmi mwaka 2017, na wafanyabiashara wanaotoka Kampala, Bujumbura, Goma na Mwanza hujisikia wako kwao wakifika. Nyuma ya meza hizo, kwenye vyumba vyenye pazia mlangoni, kuna kelele za aina nyingine. Vijana wanabishana kuhusu goli lililofungwa kwa pedi.

Mama mmoja mkazi wa mtaa huu, anayefuata nguo na vyombo Kampala kupitia Gatuna, aliona kelele hizo ni soko. Katika safari moja alinunua PlayStation 2 sita zilizotumika. Bei ilikuwa nzuri mno, maboksi yalikuwa safi, muuzaji alikuwa na haraka. Alipofika nyumbani mwanawe alichomeka ya kwanza ukutani. Taa haikuwaka. Kilichotoka ni harufu ya plastiki inayoungua na moshi kidogo, basi.

Fundi wa vifaa vya umeme aliyeletewa zile tano zilizobaki hakufungua hata skrubu moja. Aligeuza boksi moja, akasoma kibandiko cha nyuma: 100V.

“Mama, hizi si mbovu. Ni za umeme wa Japani.”

“Sasa mwanangu, mtaji wangu je?”

Umeme wa Japani ni volti 100. Wa Rwanda ni 230, na wa Uganda, Kenya na Tanzania hauko mbali na hapo. Mashine ya Japani hufanya kazi huku ikiwekewa transfoma ya kushusha umeme, lakini hapo ndipo tatizo la pili hujitokeza: PS2 ya Japani husoma diski zilizotengenezwa kwa soko la Japani. Diski ya Ulaya, ambayo ndiyo iliyozagaa zaidi huku kwetu, inakataliwa mlangoni. Mnunuzi wa Biryogo anayetaka mpira wa Kiingereza atarudisha mashine kesho yake asubuhi, na atakuwa na haki.

Katika karakana ile ile, kwenye meza ya fundi, kulikuwa na kompyuta ya HP iliyowahi kutumika ofisini. Kwenye skrini yake ulikuwa unachezwa mchezo ule ule wa PS2 ambao mama alitegemea kuuzia mashine zake. Hakukuwa na PS2 yoyote iliyounganishwa nayo.

Kilichokuwa kinafanya kazi pale huitwa emuleta, yaani programu inayojifanya mashine nyingine. Wafanyabiashara wa mipakani wataielewa haraka wakimfikiria mkalimani. Mchezo wa PS2 umeandikwa kwa lugha ya prosesa ya Sony, na kompyuta ya kawaida haiijui lugha hiyo. Emuleta inakaa katikati na kutafsiri kila amri papo hapo, wakati mechi inaendelea. Mkalimani akichelewa, mpira unakwenda kwa kusuasua na sauti ya mtangazaji inakatika katika.

Hii ndiyo sababu kompyuta inayohitajika ni kubwa kuliko watu wanavyodhani. PS2, iliyoanza kuuzwa Japani Machi 2000, ilikuwa na memori ya megabaiti 32 tu na prosesa ya takriban megahezi 295. Simu ya kawaida ya leo inaizidi mara nyingi. Lakini kutafsiri kazi ya mtu ni kugumu kuliko kuifanya mwenyewe, na PS2 ilikuwa na prosesa kadhaa zinazofanya kazi kwa pamoja, kila moja na lugha yake.

Mashine ipi inafaa

Emuleta inayojulikana zaidi kwa PS2 ni PCSX2. Ni ya bure, imekuwa ikiendelezwa na watu wa kujitolea tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000, na toleo lake la 2.0 lilitoka mwaka 2024. Matoleo ya sasa yanataka Windows 10 au 11 ya biti 64, au Linux, na prosesa yenye kundi la amri liitwalo SSE4.1. Hilo huondoa kompyuta za zamani sana. Kinachopendekezwa ni zaidi ya hapo: prosesa yenye AVX2, ambayo kwa Intel ilianza na kizazi cha nne cha Core, mwaka 2013.

Kwa anayesimama dukani bila muda wa kusoma vitabu, namba ya prosesa inatosha. Core i5-2400 ni kizazi cha pili, kwa sababu namba inaanza na 2. Core i5-4570 ni cha nne. Kompyuta za ofisini za kizazi cha nne ambazo huonekana sana kwenye masoko ya vifaa vilivyotumika ni kama Dell OptiPlex 3020 na 9020, HP EliteDesk 800 G1 na Lenovo ThinkCentre M93. HP Compaq 8200 inafanana nazo kwa sura lakini ni ya kizazi cha pili. Wauzaji wengi huziweka rafu moja kwa bei moja, na anayejua kusoma kibandiko ndiye anayeondoka na iliyo bora.

Memori iwe gigabaiti 8. Nne zinatosha kuwasha, ila hazitoshi kustarehe.

Kompyuta mpakato zina mtego wake. Prosesa ambayo namba yake inaishia na herufi U, mathalani i5-4300U, imetengenezwa ili betri idumu, si kwa nguvu. Inaitwa i5 sawa na ile ya mezani lakini haifanyi kazi sawa. Mtu aliyeahidiwa “i5” bila kuuliza herufi ya mwisho amenunua jina tu.

Kuhusu picha, ile chipu ya grafiki iliyo ndani ya prosesa ya kizazi cha nne ya mezani huendesha michezo mingi kwa ukubwa wa picha wa asili wa PS2. Anayetaka picha safi zaidi kwenye televisheni kubwa ataongeza kadi ya grafiki. Hapa fundi wa Biryogo alitoa tahadhari ambayo ina thamani ya pesa. Kompyuta ndogo za ofisini hupokea kadi fupi tu na umeme wake wa ndani ni mdogo, hivyo nyingi huwekewa GT 1030, isiyohitaji waya wa ziada wa umeme. Kadi hiyo ipo ya aina mbili zenye jina moja. Moja inatumia memori ya GDDR5, nyingine DDR4, na hii ya pili ni dhaifu kwa kiasi kikubwa. Kwenye boksi tofauti ni maandishi madogo.

Ikitokea kompyuta iliyopo nyumbani ni dhaifu, si lazima itupwe. PlayStation ya kwanza na PSP ni nyepesi zaidi kuigiza. PPSSPP, emuleta ya PSP iliyotolewa mwaka 2012, hufanya kazi hata kwenye simu za kawaida, na michezo ya mpira ya PSP ni ile ile wanayoijua vijana.

Kufunga programu yenyewe

Kazi ya kufunga PCSX2 si kubwa. Inapakuliwa kutoka pcsx2.net bila malipo. Tovuti inayodai namba ya simu, inayotaka malipo, au inayotangaza kifurushi chenye “kila kitu ndani” inapaswa kuachwa, kwa kuwa ndiyo njia rahisi ya kuingiza virusi kwenye kompyuta ambayo pengine ndiyo hiyo hiyo inayotunza hesabu za duka.

Programu ikifunguliwa mara ya kwanza inamuuliza mtumiaji mambo machache: lugha, folda ya bayosi, folda ya michezo, na pedi. Pedi ichomekwe kabla ya kufika hatua hiyo, kisha ichaguliwe kupangwa yenyewe. Pedi ya PS4 kwa waya wa USB inatambuliwa vizuri. Pedi za zamani za PS2 pia hutumika kwa kiunganishi kidogo cha USB, na vijana wengi huzipendelea kwa sababu vidole vyao vimezizoea.

Ukubwa wa picha uachwe kwanza kwenye kiwango cha asili. Kisha uanze mchezo na utazame kiashiria cha kasi. Kikisimama kwenye asilimia 100, ongeza ukubwa mara mbili na utazame tena. Kikishuka, rudi ulikotoka. Jaribio lifanywe katikati ya mechi, uwanja umejaa na mvua ya kwenye mchezo inanyesha. Menyu hudanganya, kila kompyuta huenda kwa asilimia 100 kwenye menyu. Muuzaji anayemwonyesha mteja menyu tu anajua anachokificha.

Jambo moja ambalo nyumba zinazonunua umeme wa Cash Power zitalithamini: mchezo uhifadhiwe kwa njia ya kawaida ndani ya mchezo, kwenye memori kadi ya kuigiza ya megabaiti 8, si kwa kile kitufe cha haraka cha emuleta peke yake. Kitufe hicho kinapendeza, lakini kilichohifadhiwa nacho huweza kukataa kufunguka baada ya programu kusasishwa. Na tukizungumzia umeme, ukweli usifichwe: kompyuta ya mezani hula zaidi ya PS2 ndogo. Anayepanga kuiwasha saa kumi kwa siku aliweke hilo kwenye hesabu.

Bayosi ni ya nani?

Hadi hapa mama alikuwa anafuatilia vizuri. Fundi alipotaja bayosi, alisimama.

Bayosi ni programu ndogo, faili la megabaiti 4, iliyokaa ndani ya chipu ya kila PS2. Ndiyo inayoamsha mashine. PCSX2 haiji nayo na haifanyi kazi bila hiyo, kwa sababu bayosi ni mali ya Sony. Watu walioandika PCSX2 wanaelekeza wazi kwamba kila mtumiaji aitoe kwenye PS2 yake mwenyewe. Michezo ni vivyo hivyo: inatolewa kwenye diski halisi ambayo mtu anaimiliki.

Wengi hapa mjini huruka hatua hii na kunakili bayosi kwa flashi kutoka kwa rafiki. Wengine wanauza hadi diski zilizojaa michezo mamia, tayari kuchomekwa. Ni biashara inayoonekana haina madhara, hadi mtu atazame ilikopita.

Emuleta zenyewe zimeshasimama mahakamani. Mwaka 1999 kampuni ya Marekani, Connectix, ilitoa programu ya kuchezea michezo ya PlayStation ya kwanza kwenye kompyuta za Macintosh. Sony ikashitaki. Februari 2000 mahakama ya rufaa ya shirikisho huko San Francisco iliamua kwamba kuichunguza bayosi ya Sony ili kuandika programu yake yenyewe isiyo na nakala ya Sony ndani yake lilikuwa tendo halali. Mwaka uliofuata Sony iliinunua programu hiyo na kuizima. Kampuni nyingine, Bleem, nayo ilipambana na Sony mahakamani na kupata ushindi wake, lakini gharama za mawakili zilikuwa zimeimaliza, ikafunga mwaka 2001. Ushindi haukulipa mishahara.

Kesi ya karibuni ilikwenda upande mwingine. Februari 2024 Nintendo iliwashitaki watengenezaji wa Yuzu, emuleta ya mashine ya Switch, ikidai programu hiyo inavunja kufuli za michezo na kurahisisha wizi. Siku chache baadaye watengenezaji walikubali kulipa dola za Marekani milioni 2.4 na kuifunga Yuzu.

Hizo ni kesi za Marekani, na hakuna ofisa wa Sony anayetembea Nyamirambo. Lakini Rwanda, Uganda, Kenya, Tanzania, Burundi na Kongo zote ni wanachama wa Shirika la Biashara Duniani, na mkataba wa shirika hilo kuhusu mali-bunifu unalinda programu za kompyuta kama unavyolinda vitabu. Kila nchi ina sheria yake ya hakimiliki. Kijana anayenakili mchezo chumbani kwake na mfanyabiashara anayeuza hadi diski zenye michezo mia hawako mahali pamoja mbele ya sheria hizo. Wa pili anatoa risiti ya EBM yenye jina lake, namba yake ya mlipakodi na tarehe. Amejiandikia ushahidi mwenyewe. Ni afadhali auze kompyuta safi, pedi na kazi ya kufunga emuleta, kisha mteja alete diski zake.

Kwa upande wa diski, kazi ni nyepesi. Michezo mingi ya PS2 iko kwenye DVD, ambayo kiendeshi cha kawaida cha DVD cha kompyuta kinaisoma. Programu ya bure kama ImgBurn huitoa na kuifanya faili moja linaloishia na .iso. DVD ya tabaka moja hubeba gigabaiti 4.7, hivyo nafasi kwenye hadi diski ipimwe kabla. Diski chache, zenye mgongo wa buluu, ni CD na zina utaratibu wake kidogo. Kompyuta za ofisini zilizopunguzwa ukubwa mara nyingine hazina kiendeshi. Cha nje cha USB hutosha.

Mpakani

Kwa msomaji anayeishi kwa kuvuka, swali kubwa ni jinsi mzigo unavyoitwa mbele ya afisa. Katika ushuru wa pamoja wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, kompyuta ziko kwenye kifungu 8471, na ushuru wake wa forodha ni asilimia sifuri. Mashine za michezo ya video ziko kwenye kifungu 9504.50, pamoja na bidhaa zilizokamilika zinazotozwa asilimia 25. Kompyuta yenye emuleta ndani bado ni kompyuta. Anayeandika kwenye ankara “mashine za game” kwa sababu ndivyo anavyoziita sokoni amejihamisha kifungu kwa kalamu yake. Na anayefanya kinyume, akaziandika PS2 kuwa kompyuta, huyo ametoa tamko la uongo, na mzigo hufunguliwa.

Wengi pia hukosea kuhusu cheti rahisi cha uasili, kile cha mizigo isiyozidi dola 2,000. Cheti hicho ni cha bidhaa zilizozalishwa ndani ya Jumuiya na zilizo kwenye orodha iliyokubaliwa. Maharagwe ya Kabale, ndiyo. PlayStation ya Japani iliyopitia Dubai na Kampala, hapana, hata kama thamani yake ni dola 50. Vilevile stakabadhi ya kodi iliyolipwa Uganda haimalizi kodi ya Rwanda. VAT hufuata nchi ambako bidhaa itatumika. Kwa vifaa vilivyotumika kuna masharti ya mazingira pia, kwa hiyo wakala wa forodha aulizwe kabla ya kulipa, si mzigo ukiwa tayari juu ya basi. Waliokuwa njiani wakati Gatuna ilipofungwa kuanzia Februari 2019 hadi Januari 2022 wanajua bei ya kuwa na mzigo upande usio wake.

Mama wa Biryogo hakurudi Kampala kudai pesa. Muuzaji hakuwa amedanganya kwa mdomo, alinyamaza tu. Mashine tatu ameziuza pamoja na transfoma na diski za Kijapani, kwa hasara kidogo, kwa mnunuzi aliyeambiwa kila kitu. Ya nne fundi aliichukua kwa ajili ya vipuri kama malipo ya kazi yake. Iliyoungua imewekwa kando isubiri kupelekwa Bugesera, kwenye kiwanda cha kuchakata taka za kielektroniki.

Ya tano aliibakiza. Fundi aliiwasha kwa transfoma, akachomeka memori kadi yenye programu ya kutolea bayosi na flashi, na dakika chache baadaye faili la megabaiti 4 lilikuwa mkononi. Kwamba ni bayosi ya Japani halikuwa tatizo, kwa sababu PCSX2 ina njia ya kuanzisha mchezo haraka inayoruka ukaguzi wa nchi ya diski. Mwanawe amenunua PES 2014 halisi ya Ulaya, mojawapo ya michezo ya mwisho kabisa kutolewa kwa PS2, mwishoni mwa 2013, akaitoa kwenye diski na kuicheza kwenye kompyuta ya nyumbani, OptiPlex ya kizazi cha nne ambayo mchana mama huitumia kuandika mauzo.

Ugomvi uliobaki ndani ya nyumba hiyo ni wa saa. Hesabu hufungwa saa mbili usiku, na kijana anadai saa moja na nusu ingetosha.